Chumba cha gemu za zamani ndani ya miwani ya VR: ruta kwanza, mabango baadaye

Wengi wanaojenga chumba cha aina hii huanza na urembo. Wanatafuta mabango ya ukutani, wanapanga kabati, wanasogeza televisheni ya chogo ya inchi 29 mpaka ikae sawa juu ya meza, kisha wanachomeka kanda ya kwanza. Mario anaruka akiwa ameshachelewa, anatumbukia shimoni. Mara ya pili vilevile. Chumba kinapendeza ila gemu haichezeki, na baada ya wiki moja miwani imerudi kwenye boksi. Kwa hiyo hapa tunaanza na ruta, tunafuata na Hz (mara ngapi kwa sekunde miwani inachora picha upya), kisha kiti. Urembo unangoja zamu yake.

Programu tunayoizungumzia ni EmuVR. Ni ya bure na inatumia Windows. Ukiingia unajikuta katika chumba cha kulala cha miaka ya 1990: unaokota kanda kwa mkono, unaichomeka kwenye mashine, unavuta waya wa AV mpaka nyuma ya televisheni, unawasha. Kazi yenyewe ya kuendesha gemu inafanywa na RetroArch, emuleta (programu inayoiga mashine za zamani) iliyojificha nyuma ya pazia. Ukilikumbuka hilo, nusu ya matatizo utayaelewa mwenyewe, kwa sababu mara nyingi kinachokataa ni RetroArch na si chumba.

Vifaa ni vichache. Kompyuta yenye kadi ya grafiki ya kiwango cha GTX 1060 ya GB 6 au zaidi, na RAM ya GB 16. Miwani ya Quest 2 inatosha. Quest 3 ina pikseli nyingi zaidi (2064×2208 kila jicho, dhidi ya 1832×1920) na lenzi safi zaidi pembeni. Pedi halisi ya waya wa USB. Waya wa mtandao wa kutoka kompyuta hadi ruta. Asiye na kompyuta anaweza kuweka RetroArch ya Android ndani ya Quest yenyewe na kucheza kwenye skrini kubwa inayoelea. Hapo kuchelewa ni kudogo, lakini chumba hakuna, na ladha ya kushika kanda haipo.

Sasa ruta. Kompyuta inachora chumba, inakibana kuwa video, inairusha kwa Wi-Fi, miwani inaifungua na kuionyesha. Safari hiyo inakula milisekunde 40 hadi 60 mambo yakiwa mazuri. Fremu moja ya gemu ya zamani ni kama milisekunde 17, kwa hiyo umeshapoteza fremu mbili hadi nne kabla hata kidole hakijakosea. Hizo unaweza kuzizoea. Usizoweza kuzizoea ni zile zinazobadilikabadilika: mara 45, mara 120, mara 60. Kidole hakijifunzi kitu kisichotulia.

Kompyuta isitumie Wi-Fi hata kidogo. Iunganishwe na ruta kwa waya, ili hewani pawe na safari moja tu, ya kutoka ruta kwenda kwenye miwani. Ruta iwe chumba hicho hicho, kwenye 5 GHz, upana wa chaneli 80 MHz, chaneli ya 36 hadi 48. Ukiiacha sebuleni nyuma ya ukuta wa tofali, jua umeshapoteza mchezo.

Kuna mtego mmoja unaowanasa watu wengi madukani. Ruta nyingi za bei nafuu zimeandikwa AC1200 kwa herufi kubwa, lakini matundu yake ya waya ni ya Mbps 100 tu. Video ya miwani inataka Mbps 100 hadi 150, na tundu hilo kwa uhalisia linapitisha kama 94. Matokeo yake ni picha inayovunjika vipande kila unapogeuza kichwa. Kabla ya kulipa, soma ubavuni mwa boksi: matundu yawe ya Gigabit. Nyumbani fungua sifa za muunganisho kwenye Windows. Ikisomeka 1000/1000 uko salama. Ikisomeka 100/100 na ruta ni ya Gigabit, mchawi ni waya: jozi moja ya nyaya imekatika ndani ya kichwa, au umeuziwa waya wenye nyaya nne badala ya nane.

Kama unahofia bando, hili haliligusi. Video inazunguka ndani ya nyumba tu. Intaneti unaihitaji siku ya kufungua akaunti ya miwani, kupakua programu na masasisho. Siku nyingine hata ukiwa umeishiwa data, kwa kawaida chumba kinafunguka.

Ukishindwa kupata ruta ya maana, tumia waya wa USB 3 wa mita 5. Kompyuta bado itaibana picha kuwa video, kwa hiyo kuchelewa hakuishi, lakini mtikisiko unakwisha.

Tuje kwenye Hz, mahali ambapo watu huharibu kila kitu bila kujua. Mashine za Marekani na Japani, kuanzia NES hadi PlayStation ya kwanza, zilitoa fremu 60 kwa sekunde, hesabu za desimali tuziache. Quest inakupa 72, 80, 90 au 120. Gawanya mwenyewe. Ndani ya 120, kila fremu inaonekana mara mbili kamili, na usuli unateleza kama mafuta. Ndani ya 90, fremu moja inaonekana mara mbili, inayofuata mara moja, na jicho linaona mandhari ikichechemea. Ndani ya 72 ni mbaya zaidi: fremu nne kati ya tano hupita sawa, ya tano inakwama na kuonekana mara mbili. Watu huilaumu emuleta wakati kosa liko kwenye mpangilio mmoja wa miwani. Weka 120, na kama kompyuta inahema, punguza ubora wa picha ya chumba badala ya kupunguza Hz. Ukuta wenye ukungu kidogo haumuui mtu.

Afrika Mashariki ina kisa chake hapa. Televisheni zetu zilikuwa za PAL, Hz 50, na zile mashine za kuiga Famicom (NES ya Japani) zenye kanda ya "9999 in 1" zilizotengenezwa kwa televisheni hizo zilikwenda polepole kuliko zile za Marekani. Mtu aliyekulia na mashine hizo akifungua Contra kwenye emuleta anashangaa muziki unakimbia. Gemu haijaharibika; hiyo ndiyo kasi iliyokusudiwa na walioitengeneza. Ukiitaka kasi ya utotoni, tumia kiini (sehemu ya RetroArch inayoiga mashine fulani) cha FCEUmm na kwenye chaguo la Region, yaani eneo la dunia, weka Dendy. Gharama yake ni kwamba 50 haigawanyiki vizuri ndani ya Hz yoyote ya Quest, kwa hiyo mandhari itachechemea. Kwa gemu za mafumbo hutaona tofauti. Kwa gemu za kukimbia na kupiga, kubali muziki wa haraka.

Ukubwa wa televisheni nao si suala la tamaa. Quest 2 ina takriban pikseli 20 kwa kila nyuzi moja ya mtazamo, Quest 3 takriban 25. Picha ya gemu ina mistari kama 240 kwenda chini. Ile mistari myeusi myembamba ya televisheni ya chogo, ambayo kila mtu anataka kuiona, inahitaji angalau pikseli tatu kwa kila mstari ili ionekane kama mistari. Ikipata chini ya hapo inageuka mawimbi yanayotambaa juu ya skrini kila unapotikisa kichwa. Kwa chogo ya inchi 29, yenye kimo cha sentimita 44, hesabu inakuambia ukae sentimita 70 kutoka kwenye kioo ukiwa na Quest 2, au 85 ukiwa na Quest 3. Yaani pale pale mama alipokuwa akikufukuza usiharibu macho. Ukitaka kukaa nyuma zaidi, zima mistari: ndani ya folda ya gemu kuna faili emuvr_core.txt, na sehemu ya noscanlines ndiyo inayohusika. Uwiano wa picha uache kwenye auto. Kuitanua picha ijaze skrini pana ni dhambi ambayo hata VR haiisamehi.

Chumba halisi sasa, kile chenye kuta za kweli. Kwa kucheza umekaa hauhitaji uwanja: nyoosha mikono pande zote, ongeza nusu mita, basi. Ukitaka kusimama na kutembea kati ya kabati na televisheni, tenga mita 2 kwa 2. Kabla ya hapo tazama juu. Pangaboi la dari ya chini na mkono ulioinuliwa kuchukua kanda rafu ya juu havipatani. Kiti kisiwe cha magurudumu, kwa sababu kinasogea kidogokidogo na baada ya nusu saa unaegemea kabati lisilokuwepo. Tandika mkeka chini ya kiti. Mguu ukikanyaga sakafu unajua umetoka, bila kuvua miwani. Ukiwa na meza halisi, ipange ile ya ndani ya VR ikae mahali pale pale na kwa kimo kile kile, maana kuna siku utaweka pedi juu ya meza ya ndotoni nayo itaanguka.

Kamera za miwani zinahitaji mwanga wa kutosha na vitu vya kutazama. Giza, ukuta mtupu mweupe na kioo kikubwa cha kabati huzipoteza. Taa zetu zinapepesa kwa umeme wa 50 Hz, kwa hiyo kama mikono inaruka usiku, ingia kwenye mipangilio ya ufuatiliaji na uchague 50 Hz badala ya kuiacha ijikisie. Ila mwanga huo usiwe jua. Lenzi ikiangaliana na jua la dirishani hata kwa muda mfupi inachoma skrini, na doa hilo halitoki. Ukimaliza kucheza, ifunike. Kwa joto la pwani, jasho na ubaridi wa kiyoyozi huleta ukungu kwenye lenzi. Iache miwani iwake dakika chache ipate joto kabla ya kuivaa, na futa kwa kitambaa kikavu cha miwani. Usitumie spiriti.

Uzito wa gramu 500 mbele ya uso unaumiza shingo. Pawabenki ya 10,000 mAh ikifungwa nyuma ya mkanda inafanya kazi mbili: inasawazisha uzito na kuongeza muda, kwani betri ya ndani ni ya saa mbili na ushee.

Kuingiza gemu ni kazi ya dakika. Nakili kanda na diski zako mwenyewe, ziweke ndani ya folda ya Games, kila mashine folda yake, kisha endesha Game Scanner na uichagulie kila folda mashine na kiini chake. Gemu ya NES ni ya kilobaiti tu, Super Mario Bros. ina 40. Ya PlayStation inafika mamia ya megabaiti. Igeuze kuwa CHD (faili ya diski iliyobanwa) kwa programu ya chdman uokoe nafasi na upate faili moja badala ya rundo.

Televisheni ikiwaka na kuonyesha chenga tu, fuata mpangilio huu. Waya wa AV umefika kwenye televisheni kweli? Kiini kipo ndani ya RetroArch? Kwa PlayStation, faili ya BIOS, yaani programu ya kuiwashia mashine yenyewe (mfano scph5501.bin), iko ndani ya folda ya system? Na kama unatumia cue (faili ndogo ya maandishi inayoelekeza kwenye bin, yaani data ya diski yenyewe), je, jina la bin lililoandikwa ndani yake ni lile lile la faili? Ukibadilisha jina la bin bila kuigusa cue, gemu haifunguki na hakuna ujumbe wowote wa kukuambia.

Sauti ikichelewa nyuma ya picha, vua visikizio vya Bluetooth. Quest 2 na Quest 3 zina tundu la 3.5 mm, litumie. Pedi nayo ichomekwe kwenye kompyuta na si kwenye miwani.

Halafu umeme. RetroArch kwa kawaida huandika sevu ya kanda kwenye diski pale unapoifunga gemu. Umeme ukikatika katikati, ile sevu uliyoifanya saa moja iliyopita ndani ya gemu imekwenda na maji, ingawa mchezo ulikuambia imehifadhiwa. Fungua retroarch.cfg, tafuta autosave_interval, na kama iko 0 weka 10. Kila sekunde 10 itaandika. Hata mwenye UPS afanye hivyo, kwani UPS nayo ina siku zake.

Yote yakitulia kwa siku kadhaa, fungua folda ya Custom. Picha za lebo za kanda zina folda yake, na jina la picha lazima lilingane herufi kwa herufi na jina la faili ya gemu, nafasi na mabano vikiwemo. Lisipolingana kanda inabaki na lebo tupu. Mabango yana folda yake pia. Jaza unavyotaka, ila usiwashe mashine nne kwenye televisheni nne kwa ajili ya picha ya kuwaonyesha wenzako halafu ukasahau kuzizima. Kila mashine inayowaka ni emuleta nyingine inayokula kompyuta, na ile 120 uliyoihangaikia itashuka bila kukuaga.