Wasomaji Wauliza: Damu, Ngozi, Mbio na Maziwa

Barua za mwezi huu zimetoka Ahero, Vihiga, Kapsabet na Njoro. Zote zinauliza jambo moja kwa njia tofauti: kwa nini miili yetu haifanani, na tofauti hizo zimetoka wapi. Zinajibiwa na jopo letu la biolojia na tiba.

Mimi na mchumba wangu tulipimwa damu kabla ya harusi, sote tukaambiwa ni AS. Shangazi yake anataka tuachane, anasema ukoo wetu una damu mbaya. Mshauri wa ndoa kanisani anasema sote ni wazima, tusiogope. Nani mkweli? Na mbona marafiki zangu wa Ol Kalou hata hawaujui ugonjwa huu wa selimundu? (Dada wa Ahero)

Dada, mshauri amesema nusu ya ukweli, na shangazi amemlaumu asiyestahili lawama. Ninyi wawili ni wazima kwa sababu kila mmoja ana jeni moja ya hemoglobini (kibeba oksijeni katika damu) ya kawaida, A, na moja ya selimundu, S. Mtoto huchukua moja kwa baba na moja kwa mama. Basi kila mimba yenu ina uwezekano wa asilimia 25 wa mtoto AA, asilimia 50 wa AS, na asilimia 25 wa SS, yaani mwenye ugonjwa. Tunasisitiza: kila mimba. Wazazi wengi hudhani wakishapata mtoto mmoja mgonjwa watatu wanaofuata watakuwa salama. Sivyo. Hesabu huanza upya kila mara.

Kabla ya kuamua lolote, ulizeni mlipimwa kwa njia gani. Katika zahanati nyingi kipimo ni kile cha kioo: tone la damu huchanganywa na dawa ya sodiamu metabisulfaiti ya asilimia 2, hufunikwa kwa kioo chembamba, kingo huzibwa hewa isiingie, kisha husubiriwa nusu saa hadi saa moja. Dawa hiyo hunyonya oksijeni. Ukitazama kwa hadubini, chembe nyekundu zenye hemoglobini S huanza kurefuka, ncha zikachongoka, mwishowe zikapinda kama mundu. Ni kipimo cha bei nafuu, lakini kina kasoro tatu. Hakitofautishi AS na SS. Dawa isipotengenezwa upya siku hiyo hiyo huisha nguvu, na jibu likatoka "hakuna" ilhali ipo. Na mtoto wa chini ya miezi sita bado ana hemoglobini nyingi ya aina aliyokuwa nayo tumboni mwa mama, ambayo huificha S. Kwa hiyo ombeni kipimo kinachotenganisha aina za hemoglobini, kama elektroforesi, na semeni mapema ikiwa mmoja wenu ameongezwa damu katika miezi mitatu au minne iliyopita, kwa maana damu ya mtu mwingine huharibu majibu.

Sasa kuhusu Ol Kalou. Selimundu ni badiliko dogo mno: katika mnyororo wa beta wa hemoglobini wenye viungo 146, kiungo cha sita kimebadilika, mahali pa asidi ya glutamiki pakakaa valini. Mabadiliko ya namna hiyo hutokea popote na kwa kawaida hupotea, hasa yakiwa yanaua watoto. Hili halikupotea kwa sababu mwenye AS ana kinga kubwa dhidi ya malaria kali, kiasi cha asilimia 90. Mbu atamuuma na vimelea vitaingia, lakini ndani ya chembe zake havistawi, na chembe zilizoambukizwa huondolewa mapema na bandama. Mtoto wa AA alikufa kwa malaria, wa SS akafa kwa selimundu, wa AS akakua na kuzaa. Hivyo ndivyo S ilivyodumu.

Aliyeligundua jambo hili ni daktari Anthony Allison, aliyelelewa Kenya. Mwaka 1949 alipima damu za watu wa sehemu mbalimbali za nchi akaona S ni nyingi Pwani na kando ya Ziwa Victoria, na karibu haipo kwenye nyanda za juu zenye baridi. Mwaka 1954 alichapisha ushahidi unaoiunganisha na malaria. Ol Kalou iko juu ya mita 2,300. Kisumu iko kwenye 1,130 hivi. Joto likishuka chini ya nyuzi 18, kimelea cha malaria hushindwa kukomaa ndani ya mbu kabla mbu huyo hajafa. Pasipo malaria, S haina faida, ina hasara tu. Utafiti wa mwaka 2018 ulikadiria kwamba S ya Afrika yote ina chanzo kimoja, miaka 7,300 hivi iliyopita, na S hupatikana pia Uhindi, Arabuni na Ugiriki, kokote kulikokuwa na malaria. Mwambieni shangazi kwamba S haina uhusiano na ubaya wa ukoo wowote. Imebaki katika koo za watu walioishi na mbu vizazi hata vizazi, na huenda ukoo wake mwenyewe unayo, kwa kuwa mchumba wako ni AS kama wewe.

Uamuzi ni wenu. Mkioana, mtoto apimwe anapozaliwa kwa tone la damu ya kisigino, kwa kipimo kinachotenganisha hemoglobini. Akiwa SS huanzishiwa penisilini ya kunywa mara mbili kwa siku, kwa kawaida miligramu 125 kila mara kabla ya kufika miaka mitatu na 250 kuanzia hapo hadi mitano, pamoja na asidi ya foliki, kinga ya malaria na chanjo zote. Daktari ataeleza wakati wa kuanza haidroksiyurea, dawa inayopunguza vipindi vya maumivu. Nanyi mjifunze kupapasa bandama: mtoto alale chali, bonyeza taratibu kwa ncha za vidole chini ya mbavu za kushoto. Ikivimba ghafla na mtoto akapauka, msingoje asubuhi. Damu imejikusanya humo, na anaweza kufa kwa saa chache.

Wanafunzi wangu waliona picha za watu wa Papua New Guinea wakasema hao ni ndugu zetu wa karibu kuliko Wazungu, kwa weusi wao. Niwajibuje? Na je, kukunja ulimi bado ni mfano mzuri wa kurithi? (Mwalimu, Vihiga)

Mwalimu, rangi ya ngozi hueleza mababu waliishi chini ya jua la namna gani. Undugu haipimi. Penye jua kali mwaka mzima, weusi hulinda foleti, vitamini iliyo katika damu, ambayo mjamzito huihitaji ili uti wa mgongo wa mtoto ufunge vizuri. Penye jua hafifu, ngozi nyeusi hushindwa kutengeneza vitamini D ya kutosha, hivyo weupe ukapata faida. Watu wa Papua wametokana na wale wale waliotoka Afrika na kuzaa Waasia na Wazungu. Kwa undugu, wao wako karibu zaidi na watu wa Beijing na London kuliko walivyo nasi, na wana sehemu ndogo ya urithi wa binadamu wa kale, Wadenisova, ambao huku hawakufika. Ila kuna jambo zuri la kuwaambia wanafunzi: baadhi ya jeni zinazoleta weusi ni zile zile kwao na kwa Waniloti wa Afrika Mashariki, kwa sababu ni za kale kuliko safari yenyewe ya kutoka Afrika. Huku huku Afrika kuna Wasan wa kusini wenye rangi ya maji ya kunde na Wadinka weusi sana. Tofauti za kijenetiki zilizomo Afrika peke yake ni nyingi kuliko za dunia nzima iliyobaki, nasi tungependa kila mtoto wa Vihiga alijue hilo.

Kukunja ulimi, acha. Pacha waliotoka yai moja wakati mwingine hutofautiana, mmoja anaweza na mwingine hawezi, na wengine hujifunza wakiwa wakubwa. Tumia urefu. Kila mwanafunzi avue viatu, visigino viguse ukuta, atazame mbele, rula iwekwe sambamba juu ya kichwa, na kila mmoja apimwe mara mbili. Vipimo vikipishana zaidi ya sentimita moja, rudia. Wasichana na wavulana wachorewe grafu tofauti, vinginevyo mnaweza kupata vilima viwili na wanafunzi wakafikiri ni jeni mbili. Kilima kimoja chenye miteremko pande zote ndicho alama ya sifa inayoletwa na jeni maelfu, pamoja na chakula na magonjwa ya utotoni. Pima wote asubuhi, kwani jioni mtu hupungua sentimita moja hivi.

Kijana wangu wa miaka 15 anakimbia vizuri. Kampuni moja ya mtandaoni inauza kipimo cha "jeni ya riadha". Nilipe? (Baba Chebet, Kapsabet)

Mzee, usilipe. Vipimo hivyo mara nyingi hutazama jeni iitwayo ACTN3, yenye toleo linalohusishwa na mbio fupi. Wakenya karibu wote wanalo toleo hilo, wanaokimbia na wasiokimbia, na watafiti walipowalinganisha wakimbiaji wetu bora na wananchi wa kawaida hawakuona tofauti. Utalipa kuambiwa kwamba kijana ni Mkenya. Kinachosaidia kinaonekana kwa macho: mashavu membamba ya miguu, kwa maana uzito ulio karibu na unyayo humaliza nguvu nyingi kuliko ule ule ukiwa kiunoni, na kukulia mahali pa juu huku ukitembea na kukimbia tangu utotoni. Pesa hizo mnunulie viatu vinavyomtosha.

Ninasoma chuoni Njoro, kwetu ni Busia. Mwenzangu wa chumbani wa Bomet hunywa maziwa lita nzima. Mimi kikombe kimoja tu tumbo linajaa gesi na kuniharisha. Nina ugonjwa? (Mwanafunzi, Njoro)

Ndugu, yaelekea huna. Sukari ya maziwa, laktosi, humeng'enywa na kimeng'enya cha laktesi, na kwa binadamu wengi duniani kimeng'enya hicho hupungua baada ya kuachishwa kunyonya. Laktosi isiyomeng'enywa hushuka hadi utumbo mpana, ikavuta maji, bakteria wakaichachua. Hapo ndipo gesi na kuhara. Mwenzako ndiye aliyebadilika. Mwaka 2007 kundi la mtafiti wa jenetiki Sarah Tishkoff lilieleza badiliko la jeni, lililo kwa wingi Kenya na Tanzania, linaloifanya laktesi isizimike ukubwani. Ni tofauti kabisa na lile la Wazungu: mababu wa pande mbili walifuga, na kila upande ukapata njia yake.

Hapo hapo Njoro, pango la Mto Njoro lilitoa mifupa iliyochomwa, bakuli za mawe na shanga za wafugaji wa miaka 3,000 hivi iliyopita. DNA ya wafugaji wa kale wa Kenya na Tanzania inaonyesha kwamba wengi wao hawakuwa na badiliko hilo, ilhali mabaki ya mafuta ya maziwa yapo kwenye vyungu vya zama hizo. Maziwa yalitumika kwanza, jeni ikafuata. Yaelekea waliyagandisha, kama mursik na maziwa lala ya leo, kwa kuwa bakteria wa mgando hula sehemu ya laktosi kabla yako.

Jipime hivi: siku mbili usiguse maziwa wala chai ya maziwa. Siku ya tatu, kabla ya kula chochote, kunywa mililita 250 za maziwa ya ng'ombe, zenye laktosi gramu 12 hivi, kisha andika unavyojisikia kila saa hadi saa nne zipite. Usifanye hivyo ukitoka kuhara, kwa sababu utumbo uliojeruhiwa hupoteza laktesi kwa muda hata kwa mtu wa Bomet. Gesi ikija, punguza iwe nusu kikombe pamoja na ugali, au hamia maziwa lala. Kalsiamu utaipata kwenye omena, mradi uile nzima na mifupa yake. Ukiona damu kwenye choo, homa, au uzito unashuka, nenda hospitali. Hizo si dalili za maziwa.