Nilianza kwa kuruka matairi, sasa nakula kwa kukosea: kwa madogo mnaoingia kwenye sarakasi

Juzi baada ya shoo madogo wawili walinifuata wakaniuliza, kaka, sisi sarakasi tunapiga vizuri tu, wewe ulifikaje kwenye uigizaji na hayo mazingaombwe ya kuchekesha? Nilikuwa nakunja vitu vyangu mbio mbio, dereva wa bajaji ananipigia honi, nikawajibu jibu la ovyo. Sasa hili ndo jibu lenyewe, na lina urefu kidogo.

Mimi nilianza kama wengi wa Dar, tairi kuukuu limefukiwa nusu kwenye mchanga, unakuja mbio unalikanyaga unapaa, ukitua vibaya mchanga ndo godoro lako. Baadaye nikampata mwalimu, mzee mmoja mkali sana, ambaye yeye alifundishwa na watu wa kundi la sarakasi la taifa. Kama hamjui, serikali ilipeleka vijana China miaka ya 60 wakajifunze, wakarudi, na 1969 kundi la taifa likaundwa. Ndo maana mpaka leo ukiangalia vikundi vya kwetu unaona kuruka ndani ya pete, unaona mtu anapanga viti juu ya viti na kusimama kwa mikono, watu wanadhani ni mambo ya hotelini tu kumbe kuna mkono wa Wachina humo. Chuo cha Sanaa Bagamoyo kilikuja 1981, sasa hivi ndo TaSUBa, na kama una nafasi ya kwenda kusoma pale nenda, usije ukasema mimi nimejifunzia mtaani inatosha. Mimi nilisema hivyo na ilinigharimu.

Yule mzee miezi miwili ya kwanza hakutufundisha kuruka, alitufundisha kuanguka. Anguka kwa bega, anguka kwa mgongo, jikunje, bingiria, inuka. Kila siku. Tulimchukia kweli, wenzetu mtaa wa pili walikuwa tayari wanapiga bakifliki, yaani kujirusha kinyumenyume, sisi bado tunagaragara kama mbuzi. Lakini nawaambia, karibu kila hela niliyokuja kupata baada ya hapo imetokana na ile miezi miwili, ngoja mtaona.

Miaka kadhaa nilipiga shoo za hoteli Zanzibar, Nungwi na Kiwengwa, piramidi ya watu, limbo ya moto, yaani kupita chini ya fimbo inayowaka, viti, mambo mnayoyajua. Hapa jamani jambo moja: kagua sakafu. Pembeni ya bwawa la kuogelea kuna vigae, vigae vikiwa na maji ni barafu, na meneja atakwambia aah pako poa tu. Hapako poa. Mimi nilikuwa ghorofa ya tatu ya piramidi, wa chini akateleza, bega likatoka. Ile hoteli ilinipa nauli ya boti na pole. Bima hakuna, karatasi hakuna, tulikubaliana kwa mdomo na kiongozi wa kundi aliyekubaliana kwa mdomo na meneja. Nilikaa miezi saba bila kuruka, nikiwa na umri wa miaka 26 na sijui kazi nyingine yoyote duniani.

Kilichoniokoa ni kitu kidogo sana. Kundi likanirudisha kwa huruma, kazi yangu ikawa kujaza muda. Yaani wenzangu wanapobadilisha nguo na kupanga viti, jukwaa linabaki tupu dakika tatu nne, watalii wanaanza kuangalia simu, so mtu lazima atoke afanye chochote. Nikatoka na mipira mitatu nikairusha kwa mkono mmoja kwa sababu wa pili ulikuwa haupandi vizuri, mpira ukaanguka, nikaufuata, nikajikwaa, nikaanguka lile anguko la mzee, watu wakacheka mpaka wahudumu wakasimama na trei zao. Usiku ule ndo niliona kwamba zile dakika tatu ambazo kila mtu kwenye kundi anazikimbia ni mali. Kama kwenye kundi lenu kuna nafasi ya kujaza muda, iombe. Hakuna anayeitaka, na ndiyo pekee jukwaani ambayo unakuwa peke yako na watu wanakumbuka sura yako, kwenye piramidi hakuna anayejua wewe ni yupi.

Na hii njia si yangu peke yangu. Cary Grant, yule mwigizaji wa filamu za zamani, alitoka Bristol akiwa kijana mdogo na kundi la wanasarakasi, akaenda nalo New York 1920, akawahi kufanya kazi ya kutembea kwa miti mirefu miguuni akitangaza biashara, uigizaji ukaja baadaye. Penn Jillette, lile jitu refu la Penn & Teller, wale Wamarekani wawili wa mazingaombwe ya kuchekesha, alikuwa mrusha vitu hewani, akapita chuo cha wachekeshaji wa sarakasi cha Ringling Bros. kule Florida miaka ya 70, akakaa mitaani Philadelphia anarusha visu na kupitisha kofia, leo yeye na mwenzake wana ukumbi Las Vegas tangu 2001. Mtafuteni wakifanya mchezo wa vikombe na vimipira kwa vikombe vya plastiki vinavyoonyesha ndani. Kila kitu unakiona, wamekwambia kabisa wanachofanya, na bado unapitwa! Mimi niliutazama labda mara arobaini. Nilichoelewa ni kwamba kificho hakiko kwenye kikombe, kiko kwenye muda, na muda mtu wa sarakasi anao tayari mwilini, anajua nusu sekunde ni ndefu kiasi gani kwa sababu aliwahi kuisubiri akiwa hewani.

Uigizaji ulikuja kwa sababu ya kuanguka pia. Jamaa wa tangazo walitaka mtu wa kudondoka ngazini, waigizaji wao wote wanaogopa, nikaitwa. Nikadondoka mara tisa. Mara ya tisa dairekta akasema huyu apewe na mstari wa kusema. Hapo ndo nilifeli vibaya, maana mwili wangu umezoea kuongea na watu mia tano walio mbali, kamera iko hatua moja kutoka puani. Dairekta akaniambia, "Mdogo wangu, mbona unaipigia kamera kelele kwa mabega?" Hiyo sentensi natembea nayo mpaka leo. Ukitoka sarakasi kwenda kwenye kamera, fanya robo ya unachotaka kufanya, halafu punguza tena. Na kama hamna anayekufundisha, jirekodi na simu ukisikiliza mtu anaongea, kusikiliza tu, utaona aibu jinsi uso wako unavyohangaika.

Sasa mazingaombwe. Hapa kwetu kuna kitu vitabu vya wazungu havitakwambia: watu wanaogopa kweli. Harusi yangu ya kwanza, nilitoka nimevaa nyeusi tupu, sura nimeikaza, nikapoteza kitambaa, bibi mmoja meza ya mbele akainuka na mkoba wake akaondoka, na nusu ya meza ikamfuata. Bibi wa bwana harusi! MC akanichukulia maiki. Siku nyingine shule moja mwalimu aliniita pembeni akaniuliza kwa upole kabisa kama nina kinga yoyote mwilini. Tangu hapo sianzi na mchezo unaofanikiwa. Naanza na unaofeli. Natoka nawaambia shikamooni, mimi si mchawi, ningekuwa mchawi nisingekuja hapa na daladala mbili, halafu najaribu kupoteza yai na yai linanidondoka. Wakishacheka hofu imeisha, mtu hamwogopi mtu aliyechafuka yai. Kwa hiyo vichekesho kwangu si urembo, bila hivyo kazi yenyewe haiuziki huku.

Hadhira nazo zinatofautiana mno. Mtalii anakaa kimya anapiga makofi kwa adabu, hujui kama amependa. Mtu wa Kariakoo anakwambia palepale "tumekuona, iko mkono wa kushoto!" na usikasirike, mpe huyo mtu jina, mfanye msaidizi, huyo ndo shoo yako. Watoto ndo wagumu kuliko wote. Mtu mzima ukiangalia kulia na yeye anaangalia kulia, mtoto anaangalia anapotaka, hana adabu ya macho. Mchezo ukipita kwa darasa la pili basi ukumbi wowote utapita. Na kama mchezo unahitaji noti ya kuazima, chukua kwa MC, usichukue kwa mzee wa watu, atakaa na presha dakika zote nne hata ukimrudishia hatacheka.

Ya kazi za nje ya nchi nitasema kwa kifupi maana yananiuma. Ndio, mmewaona Ramadhani Brothers wameshinda shindano la vipaji la TV ya Marekani, America's Got Talent: Fantasy League 2024, kichwa juu ya kichwa, na inawezekana, wale ni vijana wa hapahapa. Ila mkataba usomwe na mtu asiye na haraka. Pasi yako ya kusafiria ikae kwako. Wakala mmoja alikaa na yangu miezi mitano eti kwa usalama, nikawa siwezi kuondoka wala kulalamika. Ukiambiwa Ulaya, uliza viza ni ya kazi au ya matembezi, ile ya Schengen ya muda mfupi, inayokuingiza nchi nyingi za Ulaya, ni siku 90 tu ndani ya siku 180 na ziara nyingi za sarakasi ni ndefu kuliko hapo. Uliza bima inalipa mfupa au inalipa ndege ya kurudi tu. Ukiona wanakukasirikia kwa kuuliza, umeshajibiwa.

Huku nyumbani jisajili BASATA, Baraza la Sanaa la Taifa, dai nusu ya hela kabla, na uwe na video ya dakika mbili ambayo kitu cha kushangaza au cha kuchekesha kinatokea ndani ya sekunde kumi, sio jina lako linazunguka na muziki. Nami bado nafanya mazoezi ya kuanguka, asubuhi, kwenye mkeka, dakika ishirini, bega linalia kama mlango lakini linakwenda.

Basi niishie hapa niwahi dukani kabla hawajafunga, kesho nina shule Mbagala saa nne asubuhi, shoo inatumia mayai mawili na mke wangu ameshasema ya kwenye friji hayaguswi.