Ukitaka kupiga drams za kila aina anza na mguu

Mi nimekulia kwenye drams za kanisani, miaka kama saba hivi ni sebene kila Jumapili, nikawa najiona fundi kabisa. Siku moja bendi ya harusi hapa Mombasa mpiga drams wao akaumwa, wakanipigia simu saa tisa mchana, nikasema hakuna noma naja. Tulipofika kwenye chakacha, ile ngoma ya kina mama wa Pwani ya kuzungusha kiuno, nikaingia na ile moja mbili tatu nne yangu, sneya, ile ngoma ya kati yenye waya chini, inalia kama naamsha kijiji. Kina mama walikua washafunga leso kiunoni, wakajaribu kidogo, viuno vikagoma. Mmoja akaja mpaka jukwaani akaniambia "mwanangu, wakimbilia wapi?" Stiki ikaniponyoka.

Kumbe chakacha inaenda kwa sita, unaweza kuihesabu mbili-mbili mara tatu au tatu-tatu mara mbili na zote zinatembea pamoja, ndo maana kiuno kinazunguka badala ya kurukaruka. Nikamtafuta mzee mmoja wa ngoma, akanikataza kugusa drams wiki mbili nzima, nipige makofi tu huku naimba, nikaona ananidharau. Baadae ndo akasema haya, kiki, yaani ngoma ya mguu, ikae mahali pa vumi, ile ngoma ya sauti nzito, na sneya fungua zile waya za chini iongee kama chapuo, ile ngoma ndogo. Hapo ikakubali.

Kwa hiyo usianze na mbwembwe za mikono, kila staili uliza kwanza mguu unakaa wapi. Rege ya wan dropu mfano, ile ya Carlton Barrett wa The Wailers, ukihesabu mpaka nne, moja inaachwa tupu, kiki na sneya zinaangukia tatu, na mguu uliozoea kanisani hautaki kabisa kuiacha hiyo moja, wangu ulikua unajipiga wenyewe. Afrobiti ya Tony Allen, mpiga drams wa Fela Kuti, ndo balaa, kila kiungo kina stori yake, bado nahangaika nayo. Singeli subiri kwanza, inapita biti 200 kwa dakika.

Mazoezi weka metronomi, ile ya kukuhesabia mapigo, kwenye 60 kwa dakika hivi, jirekodi kwa simu, alafu sikiliza kesho yake, maana siku hiyohiyo masikio yanakupendelea.

Ile bendi waliniita tena mwaka uliofuata. Yule mama sikumuona, ila leso zilizunguka mpaka mwisho, na malalamiko yalikua ya mpiga besi tu, eti simbali zangu zinamuumiza kichwa.