Maswali ya Wasomaji: Mbona filamu zetu za baharini zinatoka buluu?

SWALI: Wataalamu, salamu. Sisi ni vijana wa kikundi cha kuhifadhi bahari, Kilindoni, Mafia. Tumepata kamera ndogo na kasha la kuzamia, tunataka kuwaonyesha wanakijiji hali ya matumbawe. Picha zinatoka buluu, zimejaa chembe nyeupe, na kioo hushika ukungu. Tunakosea wapi?

JIBU: Buluu hiyo haitokani na ubovu wa kamera. Maji humeza mwanga mwekundu kwanza. Mita 5 chini umeshapungua sana, na mita 10 karibu umekwisha. Zimeni rangi ya otomatiki. Jazeni fremu kwa kibao cheupe cha plastiki, mpange weupe kwa mkono (yaani muionyeshe kamera kipi ni cheupe), na mrudie kila mnapobadilisha kina kwa mita 3 hivi. Kamera isiyo na mpango huo ifungeni kichujio chekundu, jua likiwa mgongoni. Mkiwasha taa, kitoeni, la sivyo vya karibu vyote vitakuwa vyekundu.

Chembe nyeupe ni uchafu unaoelea ukimulikwa na taa iliyo jirani na lenzi. Zisogezeni taa pembeni, urefu wa mkono, zielekee nje kidogo, nanyi mkaribie mnachopiga hadi chini ya mita 1. Chagueni siku za maji mafu, mkondo ukiwa dhaifu, maji yakijaa. Wakati wa bamvua, maji yakijaa na kupwa sana, mkondo huvuruga tope.

Ukungu ni unyevu uliofungiwa ndani: kamera inapata joto, kioo kinapoozwa na bahari. Fungeni kasha ndani ya chumba kikavu, kamwe si kwenye boti, na mtie pakiti ya silika jeli inayonyonya unyevu. Hapo hapo kagueni mpira wa kuzuia maji. Unywele mmoja au punje ya mchanga yatosha kuingiza maji. Upakeni grisi ya silikoni nyembamba, ung'ae tu. Ikizidi hunasa mchanga. Kabla ya kutia kamera, zamisheni kasha tupu kwanza. Mkitoka, lilowekeni kwenye maji baridi yasiyo na chumvi kwa nusu saa.

SWALI: Tupige vipi ili filamu iwe ushahidi?

JIBU: Rudini pale pale. Hili ndilo tunalolisisitiza kuliko yote, maana picha nzuri ya siku moja haithibitishi mabadiliko. Ombeni kibali cha hifadhi, tandazeni utepe wa mita 50 juu ya mwamba, andikeni tarehe, kina na alama za GPS. Ogeleeni polepole, kamera ikitazama chini, nusu mita juu ya matumbawe. Mapezi yasiguse kitu: tawi lililovunjika huchukua miaka kurudi.

Msiongeze rangi baadaye. Tumbawe lililopauka kwa joto bado li hai na laweza kupona. Lililokufa hufunikwa na mwani. Mkikoleza rangi, tofauti hiyo inapotea, na mvuvi anayeujua mwamba wake atagundua mara moja kuwa rangi imekolezwa.