Mwigizaji wa Dar es Salaam kwenye filamu za sauti za Berlin

Uliyeuliza kama kuna mtu wa kwetu aliyeigiza katika filamu za mwanzo za sauti Ujerumani: yupo, Bayume Mohamed Husen. Alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904, akatumikia jeshi la Wajerumani akiwa mtoto wakati wa vita vya kwanza, kisha akaingia Berlin mwaka 1929. Alipeleka vinywaji na vyakula mezani katika Haus Vaterland, jumba la mikahawa na starehe pale Potsdamer Platz, na kufundisha Kiswahili chuo kikuu.

Ameonekana katika filamu zisizopungua 23, kati ya 1934 na 1941. Ukimtafuta usitegemee orodha ya majina, kwani waigizaji wa nafasi ndogo mara nyingi hawakuandikwa. Tena jina lake huandikwa kwa namna mbalimbali, kwa hiyo jaribu pia Mahjub bin Adam Mohamed. Anza na Die Reiter von Deutsch-Ostafrika ya 1934, kisha Carl Peters ya 1941, alikopata nafasi kubwa kuliko zote, yenye maneno ya kusema: mkalimani wa Peters, yule mkoloni wa Kijerumani, karibu naye kabisa mbele ya kamera. Ni filamu ya propaganda, itazame ukijua hivyo.

Mwaka huohuo wa 1941 alikamatwa kwa sababu ya uhusiano na mwanamke mzungu, akapelekwa kambi ya mateso ya Wanazi ya Sachsenhausen bila kesi. Alifia huko tarehe 24 Novemba 1944. Katika mtaa wa Brunnenstraße, Berlin, kuna jiwe dogo la kumbukumbu lenye bamba la shaba na jina lake.