Umeshushwa kwenye orodha ya ukubwa kazini bila kuitwa? Anza hapa

Ndugu yetu wa Chake Chake ameuliza hivi: mwenzake wa Unguja kalalamika, orodha ya ukubwa kazini (ile inayoonesha nani yuko juu ya nani) ikapangwa upya, yeye akashuka, na khabari kaipata kwenye nakala ya barua. Je, ana haki ya kusikilizwa na hali hakutajwa kwenye malalamiko?

Anayo. Kifungu cha 12(6)(a) cha Katiba ya Zanzibar ya 1984 kinampa kila mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu pale haki na wajibu wake unapoamuliwa na mahakama au chombo chengine. Hakuna sharti la kutajwa na mlalamikaji. Orodha ya ukubwa haina nafasi tupu. Akipandishwa mmoja lazima kuna anayeshuka, kwa hivyo malalamiko ya mtu mmoja yanamgusa kila aliye kati ya nafasi ya zamani na ile mpya. Mahakama ya Rufani ya Tanzania ilishasema, katika shauri la Mbeya-Rukwa Autoparts, kwamba haki hii ni ya kikatiba, si kanuni ya kawaida tu. Na utetezi wa "hata tungemwita, uamuzi ungekuwa uleule" haukubaliki.

Ila usidhani kusikilizwa lazima kuwe kukaa mbele ya kamati. Mara nyingi maandishi yanatosha, mradi upewe taarifa kabla ya uamuzi, nakala ya malalamiko na vielelezo vyake, muda wa kujibu, mwamuzi asiye na maslahi, kisha sababu za uamuzi. Ukibishaniwa ukweli wenyewe, mathalani barua yako ya kupandishwa cheo inasemwa ni ya kughushi, hapo omba kufika mwenyewe.

Sasa la kufanya. Kabla ya kuandika neno lolote la lawama, mwandikie mkuu wa taasisi, kupitia afisa utumishi, uombe mambo matatu: orodha ya zamani na mpya, malalamiko yaliyosababisha mabadiliko, na kigezo kilichotumika. Peleka nakala mbili. Moja igongwe muhuri wa masjala wenye tarehe, urudi nayo. Barua isiyo na muhuri wa kupokelewa ndiyo inayowaangusha wengi, kwa sababu baadae husemwa haikufika. Hifadhi pia ushahidi wa siku uliyopata taarifa, maana muda wa rufaa ni mfupi na ugomvi wa kwanza huwa siku ilipoanza kuhesabiwa. Kama orodha ilibandikwa ubaoni Unguja peke yake na wewe kituo chako ni Pemba, liseme hilo wazi.

Kigezo ndicho kiini. Watu hugombana kwa tarehe ya ajira ya kwanza wakati muundo wa utumishi, yaani waraka unaopanga vyeo vya kada yako, unaangalia tarehe ya kuingia cheo cha sasa. Linganisha barua ya ajira, ya kuthibitishwa na ya cheo. Angalia kama uhamisho au likizo bila malipo imekatwa kwenye hesabu ya muda wako kazini. Barua na jalada binafsi zikipingana, omba jalada likaguliwe ukiwapo.

Baada ya hapo ndipo malalamiko rasmi, kisha rufaa kwenye Tume inayohusika na kada yako. Taja kwa majina wote watakaoshuka ukishinda, uombe wapewe taarifa. Najua inauma kuwaita wapinzani wako, lakini ushindi ulioupata wao wakiwa hawajui unavunjwa kwa hoja hiyohiyo unayoitumia leo. Mahakama ya Juu ya India ililieleza vyema katika shauri la Prabodh Verma (1984): walioguswa moja kwa moja waunganishwe kwenye shauri, na wakiwa wengi mno, wawepo angalau baadhi yao kwa niaba ya wenzao. Unapopinga kanuni yenyewe, bila kudai nafasi juu ya mtu fulani, ulazima wa kuwaita wote hupungua.

Ukifika Mahakama Kuu kwa mapitio, yaani kuomba ikague namna uamuzi ulivyofikiwa, omba uamuzi ufutwe na shauri lisikilizwe upya. Ukiomba mahakama ikupandishe cheo yenyewe unaomba kisichokuwa kazi yake. Na kama upandishaji vyeo uko karibu, ombi la kuusimamisha kwa muda liende pamoja na hilo la msingi, kwani waliokwishapewa barua za cheo nao watakuwa na haki ya kuitwa.