Zizima niliikuta chini ya sakafu yetu

Wiki iliyopita dada mmoja wa Bukavu aliniandikia baada ya kusoma hadithi yangu ya Zizima. "Kaka, mtu wa Goma anaandikaje nchi ya barafu, tena nchi ambamo saa na kumbukumbu haviendi kama kwetu? Mimi nina yangu, imenikwama." Nilimjibu kwa kifupi, lakini swali lake halikuniacha nilale. Najua wengi wenu mnabeba nchi kama hizo kichwani, kwa hiyo naandika hapa.

Zizima ya kwanza nilihangaika nayo miezi minane, na ilikuwa mbaya. Niliweka kila kitu: watoto wanaozaliwa wazee, mto unaotiririka kurudi jana, mfalme anayeota ndoto za wenzake. Kulikuwa na mama anayevuka kuingia Zizima kumtafuta mwanawe. Ukurasa wa 12 baridi inamsahaulisha jina la mtoto, ukurasa wa 20 anamwita kwa jina hilohilo. Mdogo wangu ndiye aliyeliona. Aliweka kidole pale, akanyamaza. Nilimnunia siku mbili.

Hata hivyo niliipeleka kwenye shindano. Jibu lilikuwa mstari mmoja: mwandishi aandike anachokijua, theluji si ya kwetu. Miaka imepita na mstari ule bado unaniuma. Hadithi ilistahili kushindwa, hilo nakubali. Lakini theluji si ya kwetu? Kilele cha Margherita kule Rwenzori, mita 5,109, kina barafu, kiko mpakani mwa Kongo na Uganda, na upande wetu wa mlima ni mkoa huuhuu wa Kivu ya Kaskazini. Lugha yetu ina barafu, ina theluji, kila moja na jina lake. Asikudanganye mtu.

Niliacha kuandika kwa muda mrefu. Kilichonirudisha ni neno moja la mama yangu.

Tarehe 17 Januari 2002 lava ya Nyiragongo, volkano iliyo juu ya mji wetu wa Goma, ilipita mtaani kwetu. Nilikuwa mtoto. Tuliporudi, nyumba ilikuwa chini ya mawe, na baba akajenga nyingine juu yake, kwa mawe yaleyale. Miaka mingi baadaye, nikiwa nafagia, nikamsikia mama akimwambia jirani: "Sufuria zangu za harusi ziko hapa chini, zimeganda pamoja na siku ile." Nikasimama na fagio mkononi. Lava inaganda. Damu inaganda. Mawese yanaganda ndani ya chupa asubuhi ya baridi. Maji yanaganda. Chini ya miguu yangu kulikuwa na jiko ambalo mpaka leo ni tarehe 17 Januari. Nchi niliyokuwa naitafuta mbali nilikuwa naifagia kila asubuhi.

Kutoka hapo nikaelewa kosa langu kubwa. Zizima ya kwanza ilikuwa inafuta kumbukumbu, kumbe barafu haifuti. Kule Antaktika wanasayansi wamechimbua barafu yenye viputo vya hewa ya miaka 800,000 iliyopita. Barafu inatunza, na hilo linatisha zaidi: jina la mwanao lipo, unaliona ukutani ndani ya barafu, na hulifikii.

Sheria ya nchi ile ilitoka mikononi mwangu. Kabla ya mlipuko wa Mei 2021 niliwahi kulala juu ya Nyiragongo, karibu mita 3,470. Kule chini lava inang'aa nyekundu, na mimi vidole vyangu vinashindwa kufunga kifungo cha koti. Mpagazi aliyetubebea makala, yaani makaa ya kuwashia moto, akaniambia niviweke juu ya mbabula, jiko la makala. Baridi ilikuwa imevifanya visisikie kitu; maumivu yalianza joto lilipoingia. Nikayakumbuka maumivu yale nilipokaa kuandika upya. Kule Zizima baridi inasimamisha umri, ila kila usiku unaolala bila moto, jina moja linakutoka. Ukiwasha moto jina linarudi, na miaka uliyoikwepa inarudi nalo. Yule mama amebeba gunia moja la makala. Basi. Mfalme nilimfuta, na mto pia.

Wadogo zangu, wekeni sheria moja, muipe bei. Msiongeze ya pili kabla ya kuimaliza ya kwanza. Sheria moja, na bei yake mhusika ailipe kila ukurasa, hata pale unapomhurumia.

Na saa msiziazime. Sisi tunaanza kuhesabu jua linapochomoza, ndiyo maana tuna saa moja asubuhi. Kwenye Ncha ya Kusini jua huchomoza mara moja kwa mwaka, mwezi wa Septemba. Mtu wa huko akihesabu kama sisi, saa moja yake ya asubuhi inafika mara moja kwa mwaka! Kwa hiyo watu wa Zizima wanahesabu kwa moto: "Tulionana makala matatu yaliyopita."

Mwezi uliopita niliisoma hadithi hii mbele ya watu hapa Goma. Nilipofika pale mama anapovunja kipande cha makala vipande viwili na kurudisha kimoja guniani, muuza makala aliyekaa nyuma akauliza kwa sauti: "Amebakiza vingapi?" Sijawahi kupata tuzo, lakini swali lile ninalo.

Dada wa Bukavu, katika nchi yako Ziwa Kivu limeganda, na mashua inafika Goma kabla ya kuondoka kwenu. Nilikuuliza abiria analipa nini. Jana usiku ukaniandikia: "Sauti yake. Anafika mapema, ila hawezi kumwita aliyekuja kumpokea bandarini." Nitumie kurasa tatu za kwanza.